Nilivyoongoza Uasi Gerejini

Hakuna kazi iliyowahi kunishinda. Juzi nimepeleka gari gereji moja ya mtaa wa Wadi Kabir, nikatoka kiongozi wa waasi.

Humo nilimkuta binti anayeandika filamu ya wafanyakazi wa kiwanda walioigomea serikali ya kikomunisti. Wafadhili wanakuja alasiri kutazama kipande kimoja kikiigizwa, na muasi wake mkuu hakutokea. Akanitazama masharubu. "Ami, wewe unafaa. Piga mlango teke, pindua meza, mtukane mkurugenzi wa kiwanda."

Wa kuigiza mkurugenzi, binti kamuweka mzee mwenye gereji. Tukajaribu. Nikaupiga mlango teke la haja, nikaziona zile ndevu nyeupe, mdomo ukajisemea wenyewe: "Assalaam alaykum."

"Waalaykum salaam, mwanangu. Mama hajambo? Kaa, unywe kahawa. Na halua ipo."

Nikakaa. Waasi wangu wote, waigizaji walioingia nyuma yangu, wakakaa.

Binti akashika kichwa. "Mtaniua nyie! Uasi gani huu wa kula halua?" Tukarudia, tukakaa tena. Akakata tamaa. "Basi meza iache. Kahawa tu usinywe."

Wafadhili wakaja. Mzee akaninyooshea kikombe, nikakisukuma kwa kidole. "Sinywi."

Mzee akakiweka kikombe chini. "Mwanangu, nimekukosea nini?" Maneno hayo hayakuandikwa popote.

Wafadhili wamekubali, binti filamu yake kaipata. Gari langu bado limo gerejini. Kila nikipiga simu kuliulizia, mzee ana jibu moja tu: "Umeshashikwa na kiu?"