Kila mutu anataka kuona jeraha langu

Jamani, nani aliwaambia sikio langu ni televisheni?

Leo asubuhi, sokoni hapa Kasongo, kinyozi alinikata nyuma ya sikio. Kidogo tu! Akanifunika kitambaa, lakini damu ikakataa kusimama.

Kila mpita njia anafunua kitambaa: "Papa, tuone." Kisha: "Aa, ingali inatoka!"

Hata mutu wa pikipiki aliyenipeleka kituo cha afya alisimama njiani, afunue.

Muuguzi akaniuliza ninakunywa dawa gani. Nikasema, ile ya moyo.

"Ndiyo hiyo, papa. Chembe zinazogandisha damu ziko na vipokezi juu yake, kama mikono ya kushikana. Dawa yako inafunga mingine, damu isigande kwenye mishipa ya moyo. Usiiache! Lakini mikono iliyobaki inahitaji muda, na ninyi munafunua-funua."

Akakandamiza bila kuchungulia. (Mimi nilikuwa naomba kioo, sisemi uongo.) Damu ikasimama.

Nikarudi nyumbani nikijisifu. Mama watoto akapiga kelele, "Yesu wangu!", akafunua.

Sasa ninakandamiza upya kwa mkono mmoja, ninaandika kwa mwingine. Munipe pole, ndiyo, lakini mukiwa kwenu.