Yesi Sa za Mangatayaru

Mangatayaru hana adabu. Naanza na hilo kwa sababu ndivyo anavyojitambulisha mwenyewe, na mimi niliyefundisha Kitelugu mpaka nywele zikaniisha sioni sababu ya kumpinga. Anauza pesarattu, zile chapati za maji za choroko, kwenye lango la stendi ya mabasi ya mji wetu kando ya mto Godavari. Alianza kupika pale baada ya kufiwa na mumewe, fundi wa mabasi, binti yake akiwa bado wa kubebwa kiunoni. Binti amesoma, ameolewa, na sasa anamsihi mama apumzike. Mama humjibu kwamba akipumzika madereva watakosa mtu wa kuwatukana.

Mji mzima unamwita Mama Mdogo. Ukimwambia chatini yake imepungukiwa na tangawizi, atakuuliza kama mkeo anajua kuwa una ulimi. Ukimsifu, atakuuliza umeharibu nini huko nyumbani. Na bado foleni haiishi.

Basi mwanamke huyu mwenye jibu kwa kila kiumbe alikuja kupatikana, tena kwa maneno mawili.

Ofisa wetu wa tarafa, Bwana Pradyumna, ni mtoto wa huku huku, ila alipelekwa shule ya bweni angali mdogo akarudi na Kiingereza kitupu. Mfereji mpya ulipangwa kupita langoni pa stendi, pale pale kwenye jiko la Mangatayaru, naye akaitwa ofisini ili asikilizwe. Akasikilizwa kwa Kiingereza. Kiingereza cha Mangatayaru ni "yesi sa" tu, basi, na kwetu mtu hakai kimya akisemeshwa na mkubwa. Kila ofisa aliponyamaza, yeye akaitika "yesi sa" huku akitikisa kichwa huku na huku, ndivyo kwetu tunavyokubali, kwa heshima zote.

Nje, karani Gavarraju akampongeza.

"Hongera, Mama Mdogo. Watu wote wangekuwa wepesi kama wewe, tungekuwa tunawahi nyumbani."

"Wepesi wa nini?"

"Si umekubali kuondoka kabla ya sikukuu ya Dasara?"

"Mimi? Nani kasema?"

"Wewe! Umeulizwa kama una pa kwenda, ukasema unapo. Umeulizwa kama umeridhika, ukasema umeridhika."

"Gavarraju, na mimi nikuulize kwa lugha ya mbuzi kama nikuchape na kandambili hii? Haya, itikia!"

Alirudi ndani mbio, akaambiwa shauri limefungwa. Niliposikia, damu ilinichemka. Sheria ya jimbo letu inasema Kitelugu ndiyo lugha ya ofisi za serikali, na kibao kinachosema hivyo kimetundikwa ukutani juu ya kichwa cha ofisa. Kimeandikwa kwa Kitelugu, ndiyo maana hajakisoma.

Ikaja Siku ya Kitelugu, ile siku moja katika mwaka ambapo wakubwa huivisha lugha yetu shali ya hariri kisha kesho yake wakaikunja. Kamati yetu iliandaa avadhanam, mchezo wa kutunga mashairi papo hapo, katika ukumbi wa hekalu. Malenga hukaa katikati na waulizaji wanane humzunguka. Huyu anataka shairi la mvua, yule anamkataza herufi fulani, mwingine anapiga kengele apendavyo ili amvuruge, naye lazima ayashike yote kichwani. Na mmoja kati ya hao wanane kazi yake ni upuuzi. Humkatiza malenga kwa maswali ya kipuuzi wakati wowote, na malenga hana ruhusa ya kukasirika wala kunyamaza.

Kengele ni yangu miaka yote. Mkatizaji wetu alikuwa wakili mmoja mcheshi, lakini mwaka ule alikwenda mjini Vizag, ambako binti yake alikuwa akijifungua. Nikamtaja Mangatayaru.

"Muuza chapati?" mwenyekiti akang'aka. "Mwalimu, umeugua?"

"Tunatafuta mtu wa kumkera mwenzake hadharani. Mwenye uzoefu kumzidi yeye ni nani?"

Jina likapita. Wote walikuwa wamewahi kununua kwake.

Siku ilipofika, malenga Somayajulu alikaa amefumba macho, na mgeni rasmi, Bwana Pradyumna, alikaa mbele na shada la maua hadi kidevuni. Alikuwa ameshasoma hotuba ya Kitelugu ya kuusifu utamu wa lugha ya mama, aliyoandikiwa na Gavarraju kwa herufi za Kiingereza. Malenga akaanza ubeti wake juu ya mwezi.

"Malenga!" Mangatayaru akadakia. "Huo mwezi unaokonda kila mara, mkwewe hampi chakula?"

"Anampa, Mama Mdogo. Ila anakula kwako, kisha unamtukana, anakosa raha."

Ukumbi ukacheka. Mangatayaru akacheka pia, halafu akakaza pindo la sari yake begani, nikajua sasa linakuja.

"Malenga, samaki akikuuliza jambo kwa lugha ya samaki, nawe ukaitika kwa adabu, utakuwa umeuza nyumba yako?"

"Hilo mimi sijui. Mwulize samaki."

"Samaki ndiye yule pale, mwenye maua shingoni."

Wengine walicheka, wengine waliziba midomo. Mwenyekiti alinikodolea macho kana kwamba mimi ndiye niliyesema. Somayajulu, mzee mtundu yule, alifumba tena macho akasema, "Mimi nimeshikwa na mwezi. Mgeni rasmi anijibie."

Bwana Pradyumna akasimama. Akafungua kinywa, kikatoka Kiingereza. Nikapiga kengele. Akaanza tena, likamponyoka neno jingine la Kiingereza, nikapiga tena. Ni kazi yangu, nipige ninapotaka. Jasho likamtoka kijana wa watu. Mwisho akavuta pumzi, akasema polepole, kwa Kitelugu cha mtoto anayemwomba bibi yake maziwa:

"Mama Mdogo, njoo kesho. Nitakuuliza tena. Vizuri."

Sikupiga kengele. Niliiweka sakafuni.

Kesho yake nusu ya stendi ilijazana mlangoni pa ofisi. Ofisa akauliza, kwa Kitelugu, kama ana pa kwenda.

"Sina, mwanangu."

"Una pingamizi?"

Aa, alikuwa nalo! Alisema mpaka Gavarraju akaomba maji. Alimtaja mumewe, madereva, wasafiri wa alfajiri, na upande wa pili wa lango ambako mfereji ungeweza kupita, maana hakuna kitu ila mbuzi wa mwenyekiti. Ofisa alisikiliza yote bila kumkatiza. Kisha akasema, na kila mtu akaelewa, kwamba mfereji lazima upite na jiko litaondoka.

Mama Mdogo akaisogelea meza.

"Rudia," Mangatayaru akasema.

Akarudia.

"Loo! Kumbe kwa Kiingereza ulikuwa mpole zaidi." Akamgeukia karani. "Gavarraju, andika: nimekataa. Kwa Kitelugu, na unisomee."

Gavarraju alizitafuta herufi za Kitelugu kwenye kompyuta mpaka wakati wa chakula cha mchana. Na kwa kuwa aliyekataa hawezi kuandikwa kuwa ameridhika, shauri likapandishwa wilayani, ambako liko mpaka leo. Mfereji umechimbwa ukafika jirani na jiko, ukasimama. Wilaya ikiamua vibaya, Mangatayaru ataondoka, hilo analijua.

Jioni ya siku ile aliyokataa nilipita kwake nikamkuta anakuna nazi. Nikamwambia pole.

"Pole ya nini, Mwalimu? Siku ile waliponipongeza, nilirudi nyumbani nikalia, nikajiona mpumbavu mbele ya binti yangu. Leo wameniambia nitoke, na nina njaa kama mtu mzima. Kaa hapo ule."