Magharibi za Bi Mwanamkasi

Mwaka nilioanza kazi ya kulea wazee ndio ule mvua ilipogoma, tukala sima ya mhogo kwa mboga ya mchunga mpaka mate yenyewe yakawa machungu. Shule sikusoma, lakini mikono yangu haikuona kinyaa. Siku ya kwanza Sista aliyenifundisha kazi hapa Msambweni aliniambia, "Mgonjwa mgeuze ubavu kwa ubavu, mgongo usichimbike vidonda. Na mwenye maradhi ya kusahau, jua likizama usibishane naye."

Hilo la pili nilikuja kulielewa kwa Bi Mwanamkasi, mzee niliyemlea nyumbani kwake. Mchana tulichambua mchicha pamoja, ananitania: "We mwana wa Kikoneni, wachambua kama mbuzi!" Ikiadhiniwa magharibi, macho yanageuka. Magharibi mtoto haachwi nje, basi atasimama mlangoni aite: "Athumani! Ingia ndani, mwanangu!"

Na Athumani, karani wa Matuga, mvi kichwa kizima, yuko mbele yake.

"Mama, ni mimi."

"Wewe baba mzima, nipishe. Hujaniona mtoto wangu huko?"

Nikamwambia Athumani atoke, aitike kama alivyoitika utotoni. Aliona haya. Siku ya tatu akatoka, akaitika kutoka uani, "Labeka, mama!" akaja mbio, ndara mkononi. Mamake akamshika sikio, akamwingiza ndani, akatulia. Tukapumua.

Lakini maradhi yale hayakai hali moja. Jioni moja mama alimtazama Athumani akija mbio, akasema, "Huyu si wangu," akampita, akashika njia ya barabara kuu. Lori la mchanga likapiga honi. Nilimvuta kwa leso yake.

Athumani alirudi nyumbani, akaniwekea kanga mbili mkononi. "Bi Mishi, kuanzia kesho mfunge kitandani. Jioni tu."

"Mama wa mtu simfungi."

"Na akigongwa je?"

Nikamrudishia kanga zake. Akalia, mwanamume yule, na kesho yake akaleta mlezi mwingine.

Bi Mwanamkasi alifia kitandani. Niliitwa kumwosha; vifundo vya mikono vilikuwa na alama za kitambaa. Nilizimwagia maji polepole, kama zingali zamuuma.

Sasa magoti yamekataa, nimeacha kazi. Nyinyi wasichana mnaoianza mwaniuliza, na lori lile je, Bibi? Hata leo jibu sina. Lakini mama wa mtu simfungi.

Mama wa mtu simfungi.