Mkalimani wa Ukumbi wa Kaloleni

Kila serikali inapotuita ukumbini Kaloleni kutoa maoni, mkalimani ni yule yule. Koti lake la kahawia halivuliwi hata kukiwa na joto, na kabla ya kusema hufuta midomo kwa kitambaa, kana kwamba maneno ya wakubwa yana mafuta. Kila sentensi ya afisa wa serikali huianza na “anasema,” isije ikadhaniwa ni yake. Anasema mtambo wa kuchoma taka utajengwa nyuma ya shule. Anasema moshi wake hauna madhara. Anasema sheria inataka muulizwe, ndiyo maana mmeitwa. Mama Nabwire, anayeuza mandazi kwenye lango la shule hiyo, aliniinamia siku hiyo ya Jumanne akanong'ona, “Sasa huku ni kuuliza ama ni kutangaza?” Wengine tulibaki kutazamana. Afisa akafunga faili, akasema Kiingereza kifupi huku akitabasamu. Mkalimani akafuta midomo.

“Anasema kwa kuwa hakuna aliyepinga, mmekubali.”

Akakunja kitambaa, akakitia mfukoni, lakini hakuketi.

“Nasema mmenyamaza tu.”

Afisa akamuuliza amesema nini. Hakutafsiri. Alikuwa akimtazama Mama Nabwire, ambaye alikuwa ameshasimama.