Nilisimamisha Wimbo wa Mama Yake Mazoezini

Mwenye ukurasa, jina langu lifiche, maana hapa Migori hata mbuzi wananijua.

Mimi ni kijana wa miaka ishirini na saba, kwetu Homa Bay. Shule niliacha darasa la nne, lakini Kampala nimefika, Mwanza nimefika, na gitaa la solo nalipiga mpaka wasichana wanasahau walikuja na nani. Sijisifu, naeleza tu.

Kiongozi wa bendi yetu ni Mkuria wa Ntimaru. Zamani alifundisha kwaya misheni, kwa hiyo tunamwita Mwalimu. Ukichelewa mazoezi anakutukana mbele ya wote. Wimbo ni wa nini, hasemi. Anakupa sehemu yako, unapiga kama punda aliyebebeshwa gunia asilolijua. Namchukia, sifichi.

Juzi alileta wimbo mpya, wa polepole kama gari lililoishiwa petroli. Sasa, kwetu Wajaluo, ngoma ikikolea mtu husimamisha muziki ajisifu, watu wacheke, muziki uendelee. Mazoezini si mahali pake, najua, ila usingizi ulinikamata. Nikainua mkono: "Simamisheni kwanza. Huyu ni mimi, dume la Homa Bay, mkwe wa wilaya nzima."

Mpiga besi, ambaye nilimfundisha mimi mwenyewe, alicheka mpaka akakaa chini. Mwalimu akaja polepole, akanivua gitaa shingoni.

"Toka."

"Mwalimu, ni mzaha tu."

"Mzaha wapelekee ng'ombe wa baba yako. Hivyo vidole ni vya kukamua."

Nikamjibu: "Na huo wimbo wako ni wa kuzikia paka."

Hakuna aliyecheka. Nikatoka.

Asubuhi yule mpiga besi akaja kwangu. "Omera, ndugu yangu, umeharibu. Ulipotoka Mwalimu alituambia. Wimbo ni wa mama yake, aliyezikwa juzi juzi bila yeye kutuambia. Mwezi ujao tunaenda kuupiga kwao."

Ndugu zangu, yule mama namjua. Tulipopiga Ntimaru alitusongea ugali wa wimbi, akaniita mwanangu, na Kikuria changu kibovu yeye peke yake hakukicheka.

Sasa Mwalimu ametuma neno: nije mazoezini niombe msamaha mbele ya bendi nzima, la sivyo nafasi yangu inakwenda kwa mtu wa Isebania anayepiga gitaa kama anakwangua sufuria. Yule mama ningemwomba msamaha hata kwa magoti. Lakini huyu mwanawe? Alinitukana mbele ya watu niliowafundisha, na yeye hataomba. Angesema tu "huu ni wa mama," ningepiga mpaka mawe yalie.

Nikienda, nimelamba miguu ya mtu ninayemchukia. Nikikaa, mama wa watu anapigiwa wimbo wake na mkwangua sufuria. Mdomo wangu haujawahi kukosa neno, leo umekosa. Nyinyi mngekuwa mimi, mngeingia mlango ule? Niambieni, hata kwa matusi, nayapokea.