Maziwa ya Ukumbi wa Kuzimu

Mdogo wangu alinizidi akili, na mpaka leo nikilisema hilo ulimi unakuwa mzito. Tulipishana mwaka mmoja na ushei. Wakati huo masista walileta habari kwamba shule yao ya bweni ina nafasi ya msichana mmoja tu kutoka kigango chetu cha Nyakasimbi. Wasichana waliojua kusoma vizuri tulikuwa sisi wawili, wa nyumba moja. Baba akamwachia dada yake aamue, maana kwetu neno la shangazi juu ya watoto wa kaka yake halipingwi.

Shangazi mwenyewe alisoma mpaka ubatizo, basi. Shule iliyobaki alijitungia. Alasiri tukimenya ndizi alitusimulia, kwa Kinyambo, juu ya ukumbi ulioko kuzimu, ambako wasomi waliomaliza shule zote za juu ya ardhi hutahiniwa upya. Wanakalia vichuguu. Ukijibu ovyo, kichuguu kinakua mpaka kichwa kinagonga dari. Ukinyamaza, kinadidimia nawe. Na maswali yake yalikuwa ya kujipinga yenyewe.

"Bawabu wa ukumbi humfungia mlango kila anayejua njia," alisema siku moja. "Mbona ndani kumejaa watu?"

Nilianza kutafuta dirisha, ufa ukutani, bawabu aliyesinzia. Mdogo wangu hata kisu hakukisimamisha.

"Walipotea njia, Shangazi."

Shangazi alicheka mpaka akashika mbavu. Mimi hakuwahi kunichekea hivyo hata mara moja. Ndizi iliyofuata niliimenya kwa hasira, nusu yake ikaenda na maganda, na mama akanigombeza.

Swali moja tu lilitushinda sote. Shangazi aliolewa kwa wafugaji, na kwao aliyekula maharage hanywi maziwa siku hiyo, la sivyo ng'ombe ataugua kiwele. Kukataa maziwa ya mwenyeji nako ni kumtukana.

"Basi msomi amekula maharage njiani," alisema. "Mtahini anampa maziwa. Afanyeje?"

Siku ya kuamua alikuja mchana, akatukuta tumemaliza kula. Mama alikuwa amepika ndizi kwa maharage, nasi tulikula sahani moja, mkono wangu ukigombana na wake. Shangazi akafunua chombo chake cha mti cha maziwa, akanipa mimi kwanza kwa kuwa ni mkubwa.

Nilijua ni mtihani. Nilijua pia kwamba nikikaa kufikiri, mdogo wangu atafikiri vizuri zaidi. Nikanywa.

"Hukula maharage?"

"Hapana, Shangazi. Nimekula viazi vya jana."

Kwa taarifa yako, ng'ombe hakuugua. Nilimwulizia hali kila likizo.

Mdogo wangu alipiga goti, akapokea kwa mikono miwili. "Asante, Shangazi. Nimekula maharage. Naomba fungu langu apewe ndama, aninywie."

Alikuwa amelijibu. Niliiona furaha usoni mwa Shangazi, nikatamani huyo mtoto ajikwae ayamwage yote. Nilimchukia, nasema kweli, kwa jinsi alivyopiga goti vizuri.

Shangazi akamwita nyuma ya nyumba. Kupitia migomba nilimwona mdogo wangu akitikisa kichwa, akisema maneno machache. Waliporudi, Shangazi alimwambia baba, "Wote wamefaulu. Mmoja hakuwa na kosa la kukwepa, mwingine amelikwepa. Basi aende mkubwa."

Usiku huo furaha ilininyima usingizi. Wiki iliyofuata mdogo wangu alinisindikiza barabarani, sanduku langu kichwani mwake, kungoja lori la Kayanga. Nikashindwa kujizuia.

"Shangazi alikuuliza nini kule nyuma?"

"Kama ulikula maharage. Nikamwambia ulikula viazi."

"Kwa nini?"

Alitua sanduku, akafuta vumbi kwa kiganja.

"Ningekwenda mimi, dada, ungenichukia maisha yote. Nenda wewe. Mimi sitakuchukia."

Lori lilipoondoka nililia, na mama mmoja aliyekaa karibu nami akanipa pole, akidhani nalilia nyumbani. Nilikuwa nimechukua nafasi ya mdogo wangu, na bado nilimwonea wivu.