Masale ya Mpaka wa Bibi

Jamani, mimi habari hii huwa siisimulii, maana nikifika katikati masikio yananiwaka, lakini kwa kuwa mmeshaanza kunicheka, acha niwape yote mnicheke vizuri.

Lilikuwa onyesho langu la kwanza, kwenye ukumbi mmoja pale Themi. Nilichanganya ufinyanzi, picha na sauti ya Bibi akisimulia mambo ya Wameru wa zamani (mimi mwenyewe nimekulia Kimandolu mjini, shambani nafika Krismasi tu). Kilichokosekana kilikuwa masale, ile mimea ya majani marefu ambayo wazee wetu huipanda kwenye mpaka wa shamba, na wakikosana hupelekeana jani lake kuombana radhi. Ningeweza kununua kwa wauza miche, ila niliona ya Bibi kule mlimani yamenyooka zaidi, basi Ijumaa jioni nikapanda huko, Bibi yuko mazoezi ya kwaya, nikang'oa matatu na mizizi yake, nikajiambia nitamwambia kesho.

Kesho yake Bibi akaja na kitenge chake cha kanisani, na Mzee Eliakimu jirani yake naye akaja, ila kila mtu kivyake. Hawa wamepakana tangu Bibi ni bi harusi, huazimana mpaka chumvi, leo mmoja kakaa kulia kabisa, mwingine kushoto kabisa, hawatazamani. Shikamoo huku, shikamoo kule, nikadhani ni uchovu wa safari.

Nikashika kipaza sauti. Nikasema, tena kwa madaha, kwamba mmea huu ndio amani ya majirani, na haya mnayoyaona si ya kununua, nimeyang'oa mwenyewe jana kwenye mpaka wa bibi yangu.

Watu wakapiga makofi. Bibi hakupiga.

"Kumbe ni wewe," akasema. "Mimi tangu alfajiri nimemwita huyu mzee mwizi wa ardhi, eti kang'oa alama za mpaka."

"Na mimi nikamjibu," akasema Mzee Eliakimu taratibu, anaangalia kofia yake magotini. "Nilimjibu vibaya, mbele ya wajukuu."

Nikajaribu kucheka, kicheko kikatoka kwenye spika kama kikohozi. Nikakumbatia vyungu vitatu vya masale kwa pamoja nivitoe nje (kwa nini vitatu, sijui), kimoja kikapasuka mlangoni, udongo hadi kwenye viatu vya mgeni rasmi, na wageni wakadhani ndiyo sanaa yenyewe, wakatoa simu wakanirekodi nikilia.

Mchana huohuo tukapanda mlimani sote watatu. Nilipiga magoti mpakani nikapanda la kwanza, nikapanda la pili. La tatu shimo lake halikuonekana, ng'ombe walishakanyaga pote.

Mzee Eliakimu akaonyesha kwa fimbo. "Panda hapa, mwanangu."

"Hapo ni ndani kwako," Bibi akasema.

"Najua."

"Basi mimi sitaki. Neema, rudisha huku kwangu."

Wakabishana hivyo, kila mmoja anamsukumia mwenzake ardhi, sauti zinazidi kulainika, na mimi kwenye tope na mche mkononi, nimewapenda wote wawili mpaka kifua kinauma. Sanaa ninafanya bado. Ila siku hizi hata jani moja silichumi kabla sijauliza ni la nani na linamlindia nani.